Weupe wa Kipupwe

Kwetu Makete, weupe wa kipupwe huingia usiku. Mbingu ikitakata, upepo ukatulia, nyota zikaonekana kubwa kuliko kawaida, mkulima wa viazi halali vizuri. Joto la ardhi linapanda na kupotea angani bila wingu la kulizuia, hewa ya baridi inateremka polepole hadi mabondeni kama maji yanavyotafuta pa kutulia, na alfajiri ukifungua mlango unakuta shamba zima limenyunyiziwa kitu kama chumvi. Kwa Kiswahili cha vitabu ni sakitu; sisi tulisema barafu. Watoto tulikimbilia kuichora kwa vidole. Mama yangu alisimama mlangoni amejifunika blanketi, kimya, kwa sababu alijua kitakachofuata: kufika saa nne, jua likishawaka, majani yale meupe yamekuwa meusi na yamelegea kama mboga iliyochemshwa.

Nimekua nikiamini kwamba huo ndio weupe pekee ambao miezi ya baridi inaweza kutuletea Nyanda za Juu Kusini. Watunzi wa hadithi wanapobuni nchi ambayo haipo, hupenda kuipa majira ya baridi yenye ajabu: mti mkavu unaozaa theluji, tunda gumu ambalo ukilipasua unakuta barafu isiyoyeyuka. Nilipokuwa mtoto hadithi za namna hiyo zilinivuta sana. Sikujua kwamba mti wenyewe upo, mkoa wa jirani tu, na kwamba mabasi ya Dar es Salaam hupita karibu na matawi yake kila siku.

Basi linalotoka Iringa kwenda Morogoro hupita Ilula, ambako matenga ya nyanya yamepangwa ukingoni mwa barabara, kisha linafika Kitonga na kuanza kushuka. Aliyewahi kupita kona zile hahitaji kusimuliwa. Malori yanayokwenda Zambia na Kongo yanapanda yakikoroma kwa gia ya chini, na harufu ya breki za wanaoshuka inaingia dirishani. Abiria waliopandia Mafinga wakiwa na makoti wanaanza kuyavua. Chini, Mahenge, masikio yanazibuka. Mbele yake ni Mtandika na mashamba ya kumwagilia, halafu Ruaha Mbuyuni, wilaya ya Kilolo, mahali ambapo jina lenyewe limeshataja vitu viwili vinavyopatambulisha: mto na mti.

Mwezi Julai mti huo hauna jani hata moja. Shina ni nene kama nyumba, rangi yake kati ya kijivu na zambarau, limekunjamana magotini kama ngozi ya tembo, na matawi yamechanua hewani kama mizizi iliyokosea njia. Mgeni huona mti uliokufa. Haujafa. Chini ya gome la nje kuna tabaka la kijani linaloendelea kutumia mwanga wa jua hata majani yakiwa hayapo, na ndani shina ni laini, limelowa maji. Maji hayo yatasaidia kusukuma majani mapya kabla mvua hazijashika. Kwa sasa mti una shughuli nyingine. Kwenye vikonyo virefu, kimoja kimoja, yananing'inia mabuyu, na mbuyu unayakausha.

Naomba tusimame hapo kidogo, kwa maana ajabu yote imo humo. Matunda tuliyoyazoea huiva kwa kulainika na kujaa maji: embe, papai, chungwa, nyanya ya Ilula. Buyu huenda kinyume. Nyama yake hupoteza maji ikiwa ndani ya ganda lililofungwa pande zote, bado limeshikwa na kikonyo juu ya tawi, mpaka inabaki kavu, nyepesi, ya kuvunjika kwa vidole. Hakuna aliyeianika. Hakuna aliyeitia moto.

Na mwanzo wake ni usiku mmoja. Mvua zinapokaribia, kuanzia Oktoba hivi, mbuyu huchanua maua makubwa meupe yanayotazama chini. Ua hufunguka jua linapozama, na gizani popo huja kunywa utamu wake, wakiondoka na chavua usoni na kuipeleka kwenye mti mwingine. Kesho yake ua limesinyaa na kuwa la kahawia. Lililochavushwa huchukua kama miezi mitano au sita kukomaza tunda. Kila ganda ninaloliona Julai likicheza na upepo ni usiku mmoja wa mwaka jana, na popo mmoja ambaye hakukosa kuja.

Mara ya kwanza nilishuka Ruaha Mbuyuni kununua vitunguu, kama wafanyavyo wengi, maana vitunguu vya pale vina jina. Pembeni ya mafungu mekundu ya vitunguu alikaa bibi mmoja na ndoo nyeupe. Mteja akija, alifungua mfuniko, akachota kikombe kimoja, akaufunga tena kabla hata ya kupokea hela. Nilidhani anauza unga wa muhogo. Alinitilia kidogo kiganjani. Ulikuwa mwepesi kuliko unga wowote niliowahi kushika, na ulipogusa ulimi taya zangu zilikaza kwa ukali. Nikamuuliza ameusagia wapi.

“Sijausaga, mwanangu. Nimeutoa tu.”

Jibu hilo lilikaa nami mwaka mzima. Mtu anayesema ametoa tu kitu cheupe namna ile, kisicho na punje wala uchafu, ama anarahisisha mambo ama anajua jambo nisilolijua. Julai iliyofuata nilirudi, nikamwomba ruhusa ya kukaa uani kwake siku tatu nikitazama. Alikubali kwa sharti moja: nisishike kitu kwa mkono wenye jasho.

Siku ya kwanza nilifika saa kumi na mbili na nusu asubuhi nikitegemea kumkuta kazini. Nilimkuta anaota moto. “Shikamoo bibi.” “Marahaba, mwanangu. Umewahi mno, umande bado.” Akanisogezea kigoda na kikombe cha chai, na hapo tukakaa hadi saa nne. Ubuyu mkavu hunywa unyevu wa hewa kama pamba. Ukipasua buyu alfajiri, umande usioonekana unaingia kwenye unga, unga unashikana, unapoteza weupe, na baada ya siku chache unanata kwenye chombo. Bonde la Ruaha lina joto kuliko kwetu, lakini asubuhi za kipupwe huko nako huwa na ubaridi wenye majimaji, hasa karibu na mto. Ndiyo maana kazi yake ina saa zake: huanza majani ya uani yakikauka na huisha jua likianza kuinama. Muda ule wa kungoja nauhesabu kuwa sehemu ya ufundi. Mafundi wengi niliowatazama maishani, wa mbao, wa chuma, wa nguo, huharibu kazi asubuhi kwa kuwa na haraka ya kuanza.

Tulipokuwa tukingoja nilimuuliza mbuyu ulio nyuma ya nyumba yake una umri gani. Akasema alizaliwa akaukuta, na bibi yake naye aliukuta. Umri wa mbuyu ni mgumu kuujua hata kwa wataalamu, kwa sababu pete za ndani ya shina hazisomeki kwa uhakika, na mti wenyewe hupenda kuwa na uwazi katikati. Kwa kupima kaboni, mbuyu mmoja wa Zimbabwe ulioitwa Panke ulikadiriwa kuwa umeishi miaka ipatayo 2,450 kabla ya kuanguka. Jina la kitaalamu la jamii hii ya miti, Adansonia, limetokana na Michel Adanson, Mfaransa aliyekwenda Senegali mwaka 1749 na kuuandika mbuyu kwa undani. Alipofika yeye, watu wa bara hili walikuwa wameshakula matunda yake kwa vizazi visivyohesabika.

Saa nne kasoro, wajukuu wawili walikwenda kuangua. Wanatumia ufito mrefu wenye kigoe cha chuma kwenye ncha, na chini wametandaza turubai lililokunjwa mara nne ili buyu lisipasuke likitua. Kigoe hakiinuliwi kwa nguvu. Kijana anakiingiza juu ya kikonyo, anavuta mara moja, taratibu. Kikonyo kilichokauka kinakatika kwa mlio mdogo, na kisichokatika anakiacha. Niliona buyu zuri sana, kubwa, ambalo kigoe kilizunguka mara tatu bila kulichukua. Kikonyo chake kilikuwa bado na ubichi. Wakaliacha na kwenda tawi jingine. Yaliyokwisha kuanguka yenyewe huokotwa kando, hayachanganywi, maana hayajulikani yamelala chini siku ngapi na ardhi ina unyevu wake.

Buyu likishuka limevaa manyoya mafupi ya rangi ya kijani kibichi inayoelekea kahawia, laini kama mahameli ukilipapasa upande mmoja, na ya kuwasha ukilipapasa upande mwingine. Manyoya hayo yakiingia kwenye unga hayatoki tena. Kwa hiyo kabla ya jambo lolote, bibi huchukua kipande cha gunia kikavu na kulisugua kila buyu kutoka kikonyoni hadi kwenye ncha, akigeuza kidogo kidogo, akisimama upande ambao upepo unayapeperusha manyoya mbali na kinu. Maji hayatumiki. Hatua hii peke yake ilimchukua karibu saa nzima kwa gunia moja, na hakuna mteja atakayeiona.

Halafu huchagua kwa sikio. Analishika buyu karibu na shavu, anagonga kwa fundo la kidole, anatikisa mara moja. Lililokauka vizuri hutoa sauti ya wazi, kama ngoma ndogo, na ukilitikisa unasikia kitu kinagusa ukuta wa ndani, kwa kuwa nyama imesinyaa na kuachana na ganda. Lenye sauti nzito halijawa tayari. Analirudisha juu ya kichanja. Lisilotoa sauti kabisa huenda wadudu wamelitangulia, naye hulitazama pande zote hadi apate tundu, mara nyingi dogo kama ncha ya sindano. Ufa nao ni kama tundu. Ganda zima ndilo lililoyalinda yaliyomo tangu Novemba, na likifunguka hata kidogo unyevu na ukungu huingia. Alinipa mawili nigonge mwenyewe. Nilisikia buyu na buyu. Yeye alicheka kidogo, akayaweka kwenye mafungu mawili tofauti, na alipoyapasua baadaye moja lilikuwa na doa la kijivu upande wa chini.

Kupasua hufanywa juu ya jiwe bapa lililowekewa shimo dogo la kulaza buyu lisiteleze. Chombo chake ni kipande cha nondo kisichozidi shibiri, kilichosuguliwa na mkono mpaka kimeng'aa. Nilitarajia pigo kubwa. Alipiga kidogo, tap, akazungusha buyu, tap, akazungusha, tap, akilifuata kiunoni kama mtu anayechora mstari kwa mlio. Mapigo sita, saba. Ganda halikuvunjika, lilikubali. Mstari mwembamba ulijitokeza kuzunguka, akaweka nondo chini, akashika nusu mbili kwa viganja na kuzitenganisha kama anavyofungua mtu sanduku lenye kitu cha thamani. Mjukuu wake alijaribu kuliharakisha la kwake kwa pigo moja la nguvu, ganda likapasuka vigae vinne, na vipande vidogo vya ganda vikatawanyika ndani ya nyama. Bibi hakusema neno. Alimsogezea bakuli la pembeni, lile la ubuyu wa kunywa nyumbani, na kazi ikaendelea.

Nilisogea karibu kuangalia ndani. Weupe wa ubuyu uliotoka tu kufunguliwa si weupe wa karatasi wala wa maziwa. Umefifia kidogo, kama chaki ya shule, na hauakisi mwanga, unaunyonya. Nyama imekaa mabonge mabonge, kila bonge limeikumbatia mbegu yake moja, na mabonge yote yamefungwa pamoja na nyuzi nyekundu za hudhurungi zinazotoka ukutani mwa ganda na kupita katikati kama mishipa. Ukilishika bonge moja linabaki unga kwenye kidole, laini kuliko poda. Hapo nilielewa alichokuwa amesema. Unga ulikuwa tayari. Mbuyu ulikuwa umeshausaga kwa ukavu wake, na kazi ya mwanadamu kuanzia hapo ni kuutenganisha na mbegu na nyuzi bila kuuharibu.

Huo ndio ugumu wenyewe. Anayefinyanga chungu huongeza kitu kwenye udongo, anayesuka ukili huongeza kitu kwenye ukindu. Bibi huyu haongezi chochote. Sifa yake yote imo katika kile ambacho hakikutokea: unyevu haukuingia, manyoya hayakuingia, ganda halikuingia, mbegu haikuvunjika. Ufundi wa namna hii ni rahisi kuudharau kwa sababu ukifanikiwa hauachi alama.

Anaanza kwa nyuzi. Anaketi na ungo mapajani, anavuta uzi mmoja mmoja kutoka kwenye mabonge, na vidole vinajua lini kuvuta na lini kusokota ili uzi usiondoke na unga. Huku anachagua rangi. Yaliyo meupe kabisa yanakwenda beseni la kulia, ya rangi ya samli la kati, yaliyogeuka kama udongo la kushoto. Mimi niliyaona ya kwanza na ya pili kuwa yaleyale mpaka aliponiwekea punje mbili juu ya kanga nyeusi. Mabonge yakishachaguliwa hutandazwa kwenye mkeka, kivulini penye hewa, si juani moja kwa moja, hadi baada ya chakula cha mchana.

Kisha kinu. Nimetazama watu wakitwanga tangu sijajua kusema, na nilidhani najua sauti ya mchi. Sikuijua hii. Anayetwanga mahindi huinua mchi juu ya kichwa na kuuachia kwa uzito wake wote. Bibi anauinua hadi usawa wa kifua tu, anaushusha akiwa bado ameushika, na kabla haujafika chini anauzungusha kidogo kwa kifundo cha mkono, hivyo unatua kama unaopapasa. Lengo ni mabonge yasuguane yenyewe kwa yenyewe na unga uachane na mbegu. Mbegu ya ubuyu ni ngumu, nyeusi ya kahawia, umbo la figo dogo, na ndani ina mafuta. Ikivunjika, chembe zake zinachafua weupe na mafuta yake hufanya unga uvunde mapema. Kwa hiyo mkono unaotwanga unasikiliza. Kila baada ya mapigo thelathini hivi anasimama, anaingiza kiganja kikavu kwenye kinu, anageuza ya chini yaje juu, anaendelea. Nilimwona akisimama kabla ya idadi hiyo mara moja tu. Akainama, akatoa mbegu moja iliyopasuka, akaitupia kuku, akapunguza nguvu. Mimi sikuwa nimesikia chochote kilichobadilika.

Unga hupanda kwenye kinu kama moshi. Bibi hufunga kanga puani na mdomoni, nyusi zake zinakuwa nyeupe, na kwenye mwanga wa saa nane uani pale ukungu mwembamba unaelea juu ya mchi kisha unashuka polepole kwenye mikono yake. Nilifikiria asubuhi za Makete. Nilifikiria pia mama yangu mlangoni na blanketi lake.

Anatwanga raundi tatu, na kila raundi huchekechwa peke yake. Raundi ya kwanza, fupi, hutoa unga mchache na mweupe kuliko wote. Huo ndio wa kuuza kwa kikombe. Ya pili hutoa mwingi zaidi, ya tatu huanza kuwa na rangi. Chekeche lake ni la waya mwembamba, na halitikisi kwa fujo. Anaigonga pembe yake kwa kiganja, kushoto, kulia, kushoto, na unga unaanguka kwenye kitambaa cheupe kilichotandikwa ndani ya beseni. Kinachobaki juu, nyuzi fupi na punje ngumu, hurudi kinuni. Kwa macho yangu gunia lililojaa lilikuwa limegeuka kuwa kitu cha kusikitisha kwa uchache. Ganda peke yake huchukua karibu nusu ya uzito wa buyu, mbegu zinafuata, na unga haufiki hata robo. Bibi hakuonekana kusikitika. Alikuwa akikung'uta kitambaa kwa ncha ya kidole, pembe moja baada ya nyingine.

Maganda hayatupwi; mengine huwa kata za kuchotea maji, mengi huingia jikoni kuwa kuni. Mbegu zenye unga uliobaki huenda kwa jirani anayetengeneza ubuyu wa watoto, wa sukari, ule wa vipakiti. Wazanzibari ndio mabingwa wa huo, na rangi yao nyekundu, iliki na pilipili manga vimeufanya upendwe nchi nzima hadi umbea wenyewe tumeuita ubuyu. Nauheshimu na ninautafuna. Lakini nikishatazama kazi ya siku tatu kwa karibu naona rangi ile hufunika tofauti ambayo mikono ya bibi ilihangaika kuitunza: mweupe, wa samli na wa udongo, vyote huwa vyekundu.

Aliniambia jinsi ya kuunywa. Maji ya kawaida au maziwa ya baridi, unga unawekwa juu na kuachwa ulowe wenyewe, ndipo ukoroge. Kwenye uji unatiwa uji ukishaepuliwa. Usiuchemshe, alisema, utaua ukali wake. Sayansi inasema jambo lilelile kwa njia yake: unga huu una vitamini C inayoizidi ya chungwa mara kadhaa kwa uzito uleule, na vitamini hiyo huharibiwa na moto. Mwaka 2008 Umoja wa Ulaya uliruhusu ubuyu mkavu uingie sokoni kwao ukiwa katika kundi la vyakula vipya. Nilipomwambia bibi, aliuliza wanaunywa na sukari au bila sukari.

Siku ya tatu, saa kumi na nusu, yalikuwa yamebaki mabuyu manne yaliyokwisha kusuguliwa na kuchaguliwa. Jua lilikuwa limefika mabegani mwa milima na bado palikuwa na mwanga wa kutosha. Nilidhani atayamaliza. Alinyoosha mkono hewani, kiganja juu, kama mtu anayesikiliza mvua, akauacha hapo kidogo. Kisha akaweka nondo juu ya jiwe, akafunika kinu kwa ungo, akafunga mfuniko wa ndoo na kuuzungushia kitambaa. Manne yale yalirudi kichanjani.

Niliondoka na kilo moja ya unga iliyofungwa kwenye mifuko miwili, mmoja ndani ya mwingine, na buyu moja zima alilonichagulia mwenyewe baada ya kugonga kama kumi. Basi lilipanda Kitonga usiku ukiingia. Ilula nilivaa sweta, Mafinga nikavaa na koti.

Nyumbani nilimimina unga kwenye bakuli ili mama yangu auone. Aliutazama muda mrefu, akachovya kidole, akakunja uso kwa ukali, akachovya tena. Tulikaa jikoni tukizungumza, birika likifuka mvuke karibu yetu, na tulipokwenda kulala nikasahau kufunika. Usiku ule mbingu ilitakata. Alfajiri nje kulikuwa kweupe, na ndani ya bakuli unga ulikuwa umeshikana. Nilipougusa kwa kijiko ulivunjika mabonge, mengine yakanata.

Buyu zima lilikuwa juu ya kabati, ndani ya hewa ileile, usiku kucha. Sikuligusa. Niliketi na mama motoni hadi saa nne, jua lilipokuwa limekausha ua na kuyeyusha sakitu kwenye majani ya viazi. Nikalitoa nje, nikalilaza juu ya jiwe, nikaligonga kidogo, nikazungusha, nikagonga. Mama alisogea akainama karibu yangu. Nusu mbili zilipoachana, ndani palikuwa pakavu na peupe.